Kisu Chini ya Mto wa Mzazi

Msellem alijua tangu alfajiri kwamba siku ile ingemtoa kijasho chembamba. Si kwamba kazi ilikuwa ngeni kwake. Mwaka wa sita huu alikuwa dresa wa hospitali ya Chake Chake, anafunga vidonda, anachemsha sindano, na kila akija daktari Mzungu asiyejua Kiswahili, yeye Msellem ndiye anayekuwa mdomo wake. Kilichomkosesha raha ni karatasi. Ilikuwa karatasi moja tu, imepigwa taipu, ina majina sita ya wagonjwa, na jina la sita lilikuwa Bimkubwa binti Nyange wa Madungu. Dada yake huyo, tumbo moja, ziwa moja.

Na daktari hakuwa na habari. Pale hospitali walimwita Msellem, basi, kama vile kaokotwa njiani. Hakuna aliyewahi kumwuliza baba yake nani. Naye hakusema. Angesema, wangemtafuta mkalimani mwingine, na mkalimani mwingine angetafsiri kila atakachokisikia. Hilo ndilo alilokuwa akiliogopa.

Daktari mwenyewe hakuwa wa homa wala wa majipu. Alikuwa daktari wa akili, kaja na stima ya Jumanne kutoka Unguja, arudi na stima ya Alhamisi, na Alhamisi ndiyo hiyo. Watu wa Chake walikwisha mpa jina: Bwana Vichwa. Mrefu, mkimya, ana tabia ya kufunua kofia ya kalamu yake kabla hajaandika na kuifunika akimaliza, taratibu, kama mtu asiye na haraka na dunia. Lakini alichokiandika Bwana Vichwa, hakimu akakipiga muhuri, kimekwisha. Mgonjwa hupakiwa stima ileile, akapelekwa nyumba ya wendawazimu Unguja, na kurudi kwake anakujua Mungu. Bimkubwa alikuwa na mtoto wa siku thelathini na moja. Akichukuliwa leo, mtoto atabaki Madungu na maziwa ya mbuzi.

Nani aliyelitia jina lake kwenye karatasi ile? Jirani! Kamlaben, mke wa Mansukhlal muuza nguo, nyumba ya pili kutoka kwao. Jumapili asubuhi alitoka uani kwake kuanika, akamwona Bimkubwa kasimama kando ya kisima, kichwa wazi, mtoto kamnyoosha kwa mikono miwili juu ya maji. Akaruka ukuta, bibi wa watu na saree yake, akamvuta nyuma wakaanguka wote watatu. Mtoto hakupata hata mkwaruzo. Jumatatu Kamlaben akamshika mumewe mkono mpaka hospitali, akaeleza kila kitu.

"Kimbelembele tu!" alisema Msellem siku ile, kahamaki. "Mzazi katoka kupunga upepo, yeye anamfanya mwehu!" Na tangu hapo alikuwa akipita mlango wa Kamlaben bila ya salamu, jambo ambalo kwa mtu wa Pemba ni matusi tosha. Ndani ya roho yake lakini hakuwa na amani. Mama yake, Bi Mgeni, alikuwa amemwambia kwamba binti hajalala tangu ajifungue. Halali. Hukaa kitako, macho kayatumbua, akiutazama mlango.

Asubuhi ile wakaanza na wagonjwa watano wa hospitali, na kati ya mmoja na mwingine Bwana Vichwa akawa anamfundisha Msellem, maana alipenda kufundisha. Elimu ya akili, alisema, ni mti mmoja wenye matawi, na kosa la kwanza la daktari ni kumning'iniza mgonjwa kwenye tawi lisilo lake. Mzee Ngwali, aliyekunywa chai mara tatu na kulalamika kwamba hajapewa chai, huyo ni tawi la uzee. Mtoto wa miaka saba asiyesema wala kumtazama mtu usoni, tawi la watoto. Mpiga zeze wa Mgogoni anayetetemeka mikono na kuona panya ukutani, tawi la pombe. Bibi mmoja aliyekwisha kuozesha binti zake wote, kisha akaacha kula, akaacha na kusema, huyo yuko katika tawi la huzuni, ambalo daktari alisema ni pana kuliko watu wanavyodhani.

Wa tano alikuwa Jaribu, kaletwa na askari. Alichoma banda la jirani yake, na hakimu alitaka kujua: alipowasha kibiriti, alijua alitendalo au hakujua? Hili nalo ni tawi, alisema daktari, tawi la mahakama.

Jaribu alizungumza sana. Alizungumza robo saa nzima, anazunguka, anarudi, mara ng'ombe wa babu yake, mara mtu anayemwita jina lake kwenye shina la mkarafuu, mara anacheka. Na Msellem akafanya alichokuwa akifanya miaka sita: akayanyoosha. Ndivyo alivyoiita kazi yake mwenyewe, kuyanyoosha maneno. Mgonjwa anasema tumbo linamwaka moto, kuna mdudu kageuka kulia, na mjomba wake naye alikufa hivihivi, Msellem anasema, "Tumbo linamuuma upande wa kulia." Madaktari wote walimsifu. Bila ya yeye wangekuwa wanakesha pale.

"Anasema aligombana na jirani yake," alitafsiri.

"Hayo tu?" daktari akauliza.

"Hayo tu, bwana."

Kofia ya kalamu ikafunuliwa, daktari akaandika, ikafunikwa. Askari akamchukua Jaribu. Msellem akatazama saa ya ukutani: saa sita kasoro robo. Gari ya kumpeleka daktari Mkoani kwenye stima itaondoka saa nane. Limebaki jina moja.

Walikwenda Madungu kwa miguu. Njia nzima Msellem alikuwa akijiambia, jikaze, jikaze, yatakwisha. Moyo ulikuwa unampiga mpaka akaona haya, akidhani daktari anausikia. Mpango alikwisha upanga. Atayanyoosha. Ameyanyoosha ya watu wa kando miaka sita, ashindwe ya dada yake?

Bi Mgeni aliwapokea mlangoni, kajitanda mpaka machoni, hasira na hofu zimemkaba. Mzazi hajatimiza arobaini. Mwanamme wa kando haingii chumbani kwake, sembuse Mzungu na viatu. Lakini serikali ni serikali. Akasogea upande, akinong'ona ayatul kursi.

Chumba kilikuwa na harufu ya udi na uji wa pilipili manga. Bimkubwa alikuwa amekaa juu ya kitanda cha kamba, tumbo kafungwa mkanda wa kanga kama ilivyo dasturi, na mtoto Othman kalala kwenye kijigodoro pembeni yake. Hakumgusa. Alikuwa amekonda katika siku nne tangu Msellem alipomwona mara ya mwisho, uso umebaki macho. Zamani huyu ndiye aliyekuwa akiongoza vicheko kwenye kila harusi ya Madungu.

"Mwulize anajisikiaje," alisema daktari, akakaa kwenye kiti cha mkunga.

Msellem akauliza. Bimkubwa akamtazama kaka yake, si daktari.

"Kaka, huyu si mwanangu. Mwanangu wamemchukua siku ya saba, wakaniachia huyu. Anafanana naye, lakini siye."

Msellem akamgeukia daktari. "Anasema mtoto kabadilika sana, bwana. Kakua."

"Jumapili alikuwa akifanya nini kisimani?"

"Naambiwa," alisema Bimkubwa, sauti ndogo, haraka, kama mtu aliyeona mlango umefunguka na anaogopa utafungwa. "Kuna anayeniambia, mchana kutwa, nimrudishe huyu majini ndipo wanirudishie wangu. Mie sitaki kaka, lakini hanyamazi. Mwambie huyu bwana. Mwambie anichukue, anifunge, kabla si—"

"Anasema alikwenda kuteka maji," Msellem akamkata kauli, na huku akimfinyia jicho dada yake anyamaze. "Kizunguzungu kikamshika. Jirani kaona vibaya."

Bimkubwa alimtazama kaka yake, kisha akateremsha macho.

Bwana Vichwa alisimama, akamtazama mtoto, akamgusa kifua, akamfunua macho. Halafu, bila ya kuuliza, akauinua mto wa mzazi.

Kisu. Kilikuwa kimelala juu ya kamba za kitanda, kirefu kama kiganja na nusu, kimenolewa, mpini umezungushwa waya wa shaba. Daktari akakishika kwa ncha za vidole, na mkono wake mwingine ukaenda mfukoni, kwenye kalamu.

"Dasturi!" Msellem alipayuka kwa Kiingereza, karibu na kupiga kelele. "Bwana, hiyo ni dasturi yetu! Mzazi na mtoto mchanga huwekewa chuma kitandani mpaka arobaini, shetani wasimsogelee mtoto. Nyumba zote, bwana. Mama yangu — mama wa nyumba hii atakwambia." Akamgeukia Bi Mgeni. "Mama, si huwekwa chuma kwa mzazi?"

"Huwekwa," alisema Bi Mgeni kutoka mlangoni, asijue kulikoni. "Mie nimeweka kwa mkono wangu."

"Anasema ameweka yeye kwa mkono wake."

Na hilo lilikuwa kweli, neno kwa neno. La kwanza alilolitafsiri sawasawa tangu waingie. Daktari alimtazama yule mama, akamtazama Msellem, akakirudisha kisu kitandani. Alikwisha pata kusikia habari za chuma hicho, alisema, mahali pengine pengi. Akaandika mistari miwili. Uchovu wa uzazi. Chakula, mapumziko, dresa wa hospitali apite kila wiki. Kofia ya kalamu ikafunikwa, akatoka kwenda zake nyumba ya wageni wa serikali kula na kufunga mizigo.

Msellem alibaki ukumbini, kaegemea ukuta, anacheka peke yake kwa sauti ya chini. Yamekwisha! Alhamdulillahi, yamekwisha. Alijihisi mwepesi, alitaka hata kwenda kumsalimia Kamlaben ili amcheke usoni.

Bi Mgeni akatoka chumbani na kile kisu kimezongwa kwenye ncha ya kanga.

"Mwanangu, kisu hiki umekitoa wapi?"

"Mimi? Si umeweka wewe?"

"Mie?" Bi Mgeni alishangaa. "Mie nimeweka mkasi. Mkasi wa mkunga, uliokatia kitovu, chini ya kijigodoro cha mtoto. Uko palepale, kauangalie. Nani anamwekea mzazi kisu kilichonolewa namna hii? Hiki cha Hamad, mumewe, cha kuchinjia, huchomekwa kwenye makuti jikoni. Na Hamad yuko Konde tangu mwezi wa mfungo mosi."

Msellem aliingia chumbani, akatia mkono chini ya kijigodoro. Mkasi ulikuwepo, mweusi, butu, umefungwa uzi. Hapo akafahamu, na kufahamu kwenyewe kulimjia taratibu. Mama hakusema uongo. Daktari hakudanganywa na mama. Yeye Msellem aliuliza chuma, akajibiwa chuma.

"Bimkubwa," alisema, akachutama mbele yake. "Kisu kaweka nani?"

"Mimi." Hakusitasita hata kidogo. "Siku ya tatu leo. Mama alipokwenda kuoga nilikwenda jikoni nikakitoa. Nilikitaka mwenyewe, kaka. Akija yule anayeniambia nimtie mtoto majini, nakishika najiwekea hapa shingoni, namwambia, ukiniambia tena naondoka mie kwanza. Ananyamaza kidogo." Akaukunja mkono wake, akautazama. "Lakini jana nilishituka nimemwekea yeye. Sijui nimefikaje. Kisu kiko shingoni kwake, naye ananyonya."

Mtoto alikoroma kidogo usingizini.

"Yule daktari umemwambia nini?" Bimkubwa akauliza. "Nimesema anichukue. Mbona kaandika kisha akaenda zake? Kaka, umemwambia nini?"

Ewe Msellem! Miaka sita mdomo wa serikali, leo hana la kusema. Alitamani ardhi ipasuke. Dada yake alikuwa ameshika ukingo wa mlango kwa kucha zake, na yeye, kwa mapenzi yake yote, ndiye aliyeufunga.

Alisimama. Mama yake alikuwa mtu mzima, mikono yake haina nguvu. Peke yake hawezi kumzuia mtu. Alitoka uani, akasogea kwenye ukuta, ukuta uleule uliorukwa na saree, na akaita kwa sauti iliyomkwaruza koo.

"Bibi Kamlaben! Bibi Kamlaben, tafadhali!"

Kichwa cha yule jirani kikatokeza. Siku nne hajasalimiwa. Alimtazama Msellem kwa macho ambayo hayakuwa ya ugomvi wala ya urafiki.

"Njoo umshike mtoto," alisema Msellem. "Usimpe mtu. Hata mama yake, usimpe mpaka nirudi. Ulivyosema ni kweli."

Kamlaben hakuuliza. Alizunguka mlangoni safari hii, akavua viatu, akaingia, akamnyanyua Othman na kumlaza begani. Kutoka kitandani Bimkubwa alimwona, na kitu fulani usoni mwake kikalegea.

Basi Msellem akakimbia. Kisu kimo kwenye kanga ya mama yake, kanga kwapani, kofia imedondoka njiani na hakuigeukia. Ilikuwa saa nane kasoro. Watu wa sokoni walimpisha, mmoja akapiga kelele, "Yakhe, kuna moto?" na yeye akakimbia tu. Alikuwa anamwona yule mtoto ananyonya. Kila hatua anamwona.

Gari ilikwisha washwa. Sanduku la daktari limefungwa nyuma kwa kamba na Bwana Vichwa mwenyewe amekaa ndani, kofia mapajani. Msellem alikwenda akasimama mbele ya gari, mikono kaitandaza. Dereva akatukana. Daktari akateremsha mguu mmoja.

"Bwana," alisema Msellem, anatweta, "yule ni dada yangu. Nilikudanganya. Kila nilichokuambia Madungu ni uongo, isipokuwa neno la mama. Na mama aliweka mkasi. Kisu ni cha dada." Akakifunua. "Nifukuze kazi, lakini twende kwanza."

Bwana Vichwa alikitazama kisu. Hakupandisha sauti, ingekuwa afadhali apandishe. Aliitazama saa yake ya mkononi, akatazama njia ya Mkoani, kisha akamwambia dereva ateremshe sanduku, na asimngoje.

Walirudi nusu mbio. Wakamkuta Bimkubwa pale pale, Bi Mgeni kamkamata mkono analia kimyakimya, na Kamlaben kasimama mlangoni na mtoto begani. Daktari akakaa kwenye kiti cha mkunga kama mara ya kwanza.

"Neno kwa neno," alimwambia Msellem. "Akisema upuuzi, nipe upuuzi."

Na Msellem akatafsiri. Mtoto aliyebadilishwa siku ya saba, akalitafsiri. Anayesema mchana kutwa. Kisima. Anichukue, anifunge. Kila neno lilikuwa linamtoka kama anang'olewa jino. Daktari aliandika ukurasa, akageuza wa pili. Alipouliza nani aliyeweka kisu, Bimkubwa alisema, "Mimi," na Msellem akasema, "Mimi," kisha akajisahihisha, "Yeye, bwana. Anasema yeye."

"Kwa ajili gani?"

Bimkubwa akaeleza habari ya kujiwekea kisu shingoni kumnyamazisha yule msemaji. Msellem akaeleza. Bimkubwa akaendelea, akafika kwenye ile ya jana, na hapo ulimi wa Msellem ukaganda. Hilo likisemwa, ni Unguja. Hapana daktari atakayesikia hilo akamwacha hapa. Akamtazama Bi Mgeni, akamtazama mtoto.

"Anasema kwa ajili hiyo tu, bwana," alisema. "Kwa ajili yake mwenyewe."

Wallahi, mazoea yana taabu.

Daktari akaweka kalamu chini. Alizungumza polepole ili mkalimani asikose kitu. Huu, alisema, ni ugonjwa, na una tawi lake: ugonjwa wa akili wa wazazi. Si pepo, si ubaya wa moyo, si kumchukia mtoto. Huja kwa nguvu hivi, na wengi wao hupona kabisa, wakilala, wakilindwa, na wasipofichwa. Hakuona sababu ya Unguja. Kuna chumba nyuma ya wodi ya wanawake hapahapa Chake. Ataingia leo, atapewa dawa ya usingizi, mama yake atakuwa naye. Yeye mwenyewe angebaki mpaka stima ya wiki ijayo, kwa vile ya leo ilikwisha kumponyoka.

"Na kwa kuwa hatari ni yake peke yake," daktari akamalizia, "mtoto atalala naye. Kumtenga naye kungemzidishia maradhi."

Msellem alitafsiri hilo pia, neno kwa neno, na machozi ya furaha yakimlenga. Si Unguja! Bi Mgeni alimshika daktari mkono akaubusu, Mungu amsamehe, na mkono wenyewe wa mwanamme wa kando. Kamlaben akasogea, akamteremsha Othman begani, akaanza kumpeleka kwa mama yake.

Bimkubwa akarudi nyuma mpaka mgongo ukagonga ukuta.

"Kaka," alisema. "Umemwambia yote?"

"Yote, mwanetu. Umesikia, huendi Unguja."

"Hata la jana?"

Kamlaben alikuwa na mtoto mikononi, katikati ya chumba. Alisimama, Kiingereza hakukijua, lakini Kiswahili cha Madungu alikijua sawasawa, na macho yake yakamgeukia Msellem yakabaki hapo.

Msellem alikitazama kichwa kidogo cha Othman, na ile shingo isiyokuwa na nguvu ya kujizuia.

"Bwana daktari," alisema. "Bado neno moja."

Akalisema. Kisu, shingo, jana, ananyonya. Alilisema lote, na akaongeza kwamba asubuhi pia, kwa Jaribu, kulikuwa na mtu anayemwita kwenye mkarafuu, naye hakulitafsiri.

Kofia ya kalamu ikafunuliwa. Bwana Vichwa akafuta mstari, akaandika mwingine. Halafu akasema: Chake Chake palepale, Unguja hapana. Lakini mtoto atalala nyumbani kwa huyu bibi jirani, kama atakubali. Ataletwa kunyonya mara moja kila asubuhi, kabla mama hajapewa dawa, mikononi mwa mtu mwingine, na mtu huyo asimwachie hata kidogo. Maziwa mengine atapewa huko kwa jirani. Mzazi hatakuwa na chuma cha aina yoyote, wala mkasi. Na kesho saa moja asubuhi wataanza upya na Jaribu.

Msellem akamtafsiria dada yake. Alitafsiri kila kitu, hata la mkasi, hata la mtoto kutolewa mikononi mwake, akitazamia kilio.

Bimkubwa alisikiliza mpaka mwisho. Akamtazama Kamlaben.

"Hutamwachia?" aliuliza. "Hata nikikuomba? Hata nikilia?"

"Simwachi," alisema Kamlaben. "Hata ukinipiga."

Bimkubwa akaachia pumzi ndefu. Akajilaza pale pale kitandani, upande wa ukuta, kabla dawa yoyote haijafika, akakunja magoti. Bi Mgeni alimfunika kanga. Wakaanza kushauriana nani atachukua mkeka na nani sufuria ya uji, na walipomgeukia wamwulize kama anaweza kutembea mpaka hospitali, alikuwa kesha lala.